Africa Addio: matusi ya Waitaliano au ushahidi wetu pekee? Ionyeshwe, au ifungiwe?

Jongoo wa Bahari (mleta mada)

Assalaam aleikum wanajamvi, na wengine wote hamjambo.

Kila ikikaribia tarehe 12 Januari simu zetu hujaa kipande kile kile. Picha zimepigwa kutoka angani: watu wa kanzu wanakwenda kwa mstari, miili imelala chini, wengine wamekimbilia ufukweni na mbele yao ni bahari tu. Mtu kaondoa sauti ya asili akaweka kisomo, au kaandika maneno yake juu, halafu chini watu wanatukanana mpaka Februari inaingia. Mapinduzi yenyewe ya 1964 tumeyajadili humu hadi tumechoka, na hatujakubaliana hata idadi ya waliokufa, maana wako wanaoitaja kwa mamia na wako wanaoifikisha elfu 20. Leo naomba tuizungumze filamu. Je, ionyeshwe hadharani hapa Zanzibar, kwa kibali, watu wakae waitazame? Au iachwe huko huko kwenye simu?

Kwa asiyejua, kipande hicho kimetoka katika Africa Addio, iliyotengenezwa na Waitaliano wawili, Gualtiero Jacopetti na Franco Prosperi, kamera akaishika Antonio Climati. Ilitoka 1966 baada ya karibu miaka mitatu ya kuzunguka bara hili. Jacopetti alikuwa mwandishi wa habari, lakini kilichompa jina ni Mondo Cane ya 1962. Ile ni filamu isiyo na hadithi wala steringi. Inaruka nchi hadi nchi ikionyesha vituko: hawa wanakula nini, wale wanazikana vipi, kule wanachinjaje. Msimulizi anasema kwa kejeli, na muziki mtamu unapita juu ya picha chungu. Wimbo wake mmoja, "More", ulifika hadi kushindania Oscar. Pesa ikamiminika, na sinema ya Italia ya miaka ile ilikuwa na desturi moja: kitu kikiuza, kila mtayarishaji anakimbilia hapo hapo mpaka watazamaji wakinai. Basi zikazaliwa filamu za "mondo" chungu nzima, nyingi za bei chee, kazi yake kutafuta damu na uchi duniani na kuziuza kwa jina la elimu.

Africa Addio imetoka kwenye duka hilo. Ndani yake mna Kenya ya Desemba 1963, walowezi wanafunga virago. Mna wanyama wanaouawa kwa mamia. Mna maasi ya wanajeshi wa Tanganyika Dar es Salaam Januari 1964, mauaji ya Watutsi Rwanda, vita vya waasi wa Simba Kongo, na mwisho unafikishwa Afrika Kusini. Zanzibar ni dakika chache tu humo. Na maneno ya utangulizi yanaichora Afrika kama mtoto aliyeachwa na Ulaya kabla hajajua kutembea. Ukishasikia hayo, kila maiti inayofuata inageuka kielelezo cha kesi moja: mnaona, tuliwaambia hawawezi kujitawala.

Msimamo wangu ni huu. Ionyeshwe, ila nzima, dakika zote kama 140, na maneno ya msimulizi yafasiriwe Kiswahili bila kupunguzwa tusi hata moja. Asiyetaka nzima asipewe kipande.

Kwa nini? Sisi tuliokulia kwenye mabanda ya video tunajua kwamba aliyeshika maiki ndiye mwenye picha. Lufufu, yule mtafsiri wa sinema za bandani, alikuwa akiichukua sinema ya watu wa Hong Kong akaifanya ya Manzese, na Wakenya wana DJ Afro wao. Steringi anasema jingine, wewe unaondoka na la Lufufu. Jacopetti naye alikuwa na maiki. Anayezima sauti yake akaweka kisomo anadhani ameisafisha picha. Kumbe amefuta sahihi ya aliyeipiga tu, na jicho lililochagua pa kutazama bado ni la yule yule. Watu wa Zanzibar waliokufa siku zile hawakuwekwa mle ili waombolezwe. Walipangwa pamoja na walowezi na viboko, kwa hesabu ya mfanyabiashara. Hilo mtu hawezi kuliona kwenye kipande cha WhatsApp. Analiona akikaa saa mbili na kitu.

Karibuni. Matusi hapana.

Mzalendo64

Ndugu mleta mada, umejijibu mwenyewe. Ni filamu ya kibaguzi, imetengenezwa kuuza damu, halafu unataka Baraza la Sensa, wale wakaguzi wa filamu, liipige muhuri? Hao hao kwenye Mondo Cane ya pili, ya 1963, walimwonyesha mtawa wa Kibudha akijichoma moto, na ilikuwa imetengenezwa, mtu hakuungua. Leo waje waniambie picha za angani za 1964 ni Msahafu?

Na tazama kisichokuwamo. Hakuna uchaguzi wa Julai 1963, ambapo ASP (Afro-Shirazi Party, chama cha upinzani) ilipata zaidi ya nusu ya kura, asilimia 54 hivi, ikaambulia viti 13 kati ya 31. Hakuna mashamba, hakuna kodi, hakuna utwana. Mapinduzi yanaanzia kwenye maiti na kuishia kwenye maiti. Ukionyesha nzima umeonyesha uongo mzima, ukionyesha nusu umeonyesha nusu ya uongo. Isionyeshwe.

Bint Shangani, Maskati

Kaka Jongoo, nimekusoma mara mbili kwa sababu umeandika vizuri, na ndiyo maana nimekasirika zaidi.

Mama yangu alizaliwa Unguja, mimi nimezaliwa huku. Familia ilikuja baada ya Sultan Qaboos kushika nchi 1970 na kufungua mlango. Nyumbani kwetu Kiswahili ndicho cha jikoni mpaka leo. Mjomba wangu hakuja. Hakuna karatasi ya kifo, hakuna kaburi, hakuna orodha yoyote ya serikali niliyoiona yenye jina lake. Kuna dakika hizo tu. Mama huziangalia bila sauti, na si kwa sababu anaficha kitu. Haimhusu sauti ya mtu asiyejua hata jina la kijiji kilichoko chini ya ndege yake.

Sasa wewe unaniambia nzima au basi. Kwa nini nilazimike kukaa saa mbili na kejeli za mlowezi, nitazame viboko wakichomwa mikuki, ndipo niruhusiwe kuona mahali alipoangukia mjomba wangu? Hukumu hiyo amenihukumu nani? Jacopetti alinipangia mara ya kwanza, na wewe unanipangia mara ya pili.

Ndugu Mzalendo64, uchaguzi wa 1963 haumfufui mtu. Kama una picha nyingine, za mtu mwenye huruma zaidi, zilete.

Mzalendo64

Bibie, sikukataa watu kufa. Nimekataa Mtaliano kuwa karani wa vifo vyetu.

Mshika Projekta

Wakuu, niweke sawa upande wa sinema, maana naona tunachanganya mambo.

Kwanza, Africa Addio yenyewe haikuwa ya bei chee. Nyuma yake kulikuwa na Angelo Rizzoli, tajiri wa magazeti na filamu, na ndiye aliyepata tuzo ya David di Donatello mwaka ule kwa kuitayarisha. Yaani nyumbani kwao ilivishwa taji kabisa. Bei chee ilikuja baadaye, na njia iliyopitia inamsaidia mleta mada. Mwaka 1970 msambazaji Mmarekani, Jerry Gross, aliichukua akaipunguza hadi kama dakika 80, akaipa jina la Africa Blood and Guts, na kuipeleka kwenye majumba ya sinema za damu. Akakata siasa akabakiza minofu. Jacopetti mwenyewe akaikana. Kwa hiyo huu mchezo wa kukata kipande kinachotoa machozi au jasho haukuanza na WhatsApp.

Pili, tuelewe kwa nini Italia na siyo nchi nyingine. Majumba yao yalikuwa na madaraja. Ya mjini yenye viti vya mahameli yaliionyesha filamu kwanza, kisha ikashuka mitaani na vijijini kwa tiketi rahisi. Huko chini watu walikwenda sinema kila wiki kama sisi tulivyokwenda bandani, na mashine ile ilihitaji kulishwa. Ndiyo maana walitoa mfululizo: mashujaa wa misuli kina Hercules mwishoni mwa miaka ya 1950, makauboi kuanzia 1964 waliopigwa picha Almería, Hispania, kisha wauaji wenye glavu nyeusi, kisha wala watu, kisha mazombi. Sauti iliingizwa studio baada ya kupiga picha, kwa hiyo Mjerumani, Mhispania na Mmarekani wangeweza kuigiza pamoja kila mtu kwa lugha yake, na pesa ikachangwa nchi mbili tatu. Hata Nairobi waliifikia: Emanuelle nera ya 1975, ya Laura Gemser, ilipigwa Kenya, na Kenya mle ni pazia la nyuma la wazungu kuvua nguo.

Mashine hiyo ilianza kufa baada ya 1976, Mahakama ya Katiba ya Italia ilipofungulia mlango televisheni binafsi. Tiketi zaidi ya milioni 500 kwa mwaka zikaporomoka hadi kama milioni 120 katikati ya miaka ya 1980. Njaa ikaongezeka, na damu ikaongezeka.

Sasa angalieni mwisho wa njia. Mwaka 1980 Ruggero Deodato alitoa Cannibal Holocaust. Hadithi yake inawahusu wapiga picha wanaochochea ukatili ili waupige, kwa hiyo ni kidole machoni mwa kina Jacopetti. Lakini muziki kaupiga Riz Ortolani, yule yule wa Mondo Cane na Africa Addio. Wanyama waliuawa kweli mbele ya kamera. Na ndani yake wamebandika picha halisi za watu wakipigwa risasi, zikiwemo za Afrika, kwa jina la "kazi ya awali" ya hao wapiga picha wa kubuni. Filamu ilikamatwa Milano, na Deodato ikabidi athibitishe kwamba waigizaji wake wako hai. Hakuna aliyemuuliza waliokufa kweli kwenye zile picha za kubandika walikuwa nani.

Hofu yangu kuhusu kipande cha Zanzibar iko hapo. Kikishazoea kuzurura bila mwenyewe, kitabandikwa popote.

Boyoma

Bandugu, miye ni mutu wa Kisangani, Kiswahili yetu munaijua.

Munazungumza sana kama picha ni ya kweli ao ni ya kutengeneza. Kwetu hilo swali liliulizwa zamani. Mwandishi wa gazeti la Italia, L'Espresso, jina lake Carlo Gregoretti, aliandika mwisho wa 1964 kwamba kuna mtu aliuawa Kongo na kifo chake kilisubiri kamera iwe tayari. Jacopetti akaingizwa katika mambo ya sheria kwao, mwishowe akaondolewa mashtaka. Sawa. Tuseme hakupanga kitu.

Lakini alifika Boende, mji wa Kongo alikopiga picha, namna gani? Alipanda gari la nani? Alilala wapi? Alikuwa pamoja na mamluki, wale wazungu waliolipwa kuwapiga Simba. Alikula nao. Kamera ilikuwa upande wa mwenye bunduki, basi ukitazama ile sehemu ya Kongo unaona kupitia bega la muuaji. Simba nao waliua watu, mapadri, masista, wenyeji wengi kabisa, hakuna wa kukataa katika mji wetu. Ila waliouawa mji wetu uliporudishwa mikononi mwa serikali, Novemba 1964 na miezi iliyofuata, hao hawakupata msimulizi mwenye sauti ya huzuni.

Kwa hiyo swali langu kwa bandugu wa Zanzibar: huko kwenu, nani alimpa lifti?

Bint Shangani, Maskati

Asante sana ndugu yangu Boyoma, na jibu ni hakuna. Zanzibar hawakupokewa na mtu. Walikuwa juu. Hawakuwa na wa kumwambia simama hapa, piga pale, subiri jua. Katika filamu nzima hiyo ndiyo sehemu ambayo ni vigumu zaidi kuipanga, na ndiyo mnayoitilia shaka kuliko zote.

Wakili wa Kitaa, Nairobi

Wadau, niongee kama Mkenya na kama mtu wa sheria.

Bi Shangani ana hoja, lakini kupiga kutoka juu kuna bei yake. Huoni uso, huoni nani alimfanya nani nini, huwezi kuhesabu. Mahakamani ningekubali picha hiyo ithibitishe kwamba watu waliuawa, na wengi. Nisingeikubali ithibitishe idadi, wala ithibitishe aliyetoa amri. Anayeitumia kusema "waliuawa elfu kadhaa" anaongeza chumvi, na anayesema "haithibitishi chochote" anakwepa.

Pia kufungia hakujawahi kufanya kazi. Berlin Magharibi, Agosti 1966, wanafunzi wa Kijerumani na wa Kiafrika waliandamana kwenye ukumbi wa mtaa wa Kurfürstendamm hadi filamu ikaondolewa. Mwaka uliofuata balozi wa Marekani kwenye Umoja wa Mataifa, Arthur Goldberg, akailaani, na mhakiki Roger Ebert akaiandika vibaya sana. Imekufa? Mwaka 2003 ilitoka tena kwa DVD, safi kabisa, ndani ya kasha la heshima.

Sisi Kenya tumo mle kwa urefu kuliko Zanzibar na hakuna anayetutumia vipande. Nadhani ni kwa sababu kesi ya Mau Mau ilifika London, serikali ya Uingereza ikatamka majuto yake 2013 na kulipa wazee zaidi ya 5,000. Tulipata karatasi, kwa hiyo hatukuihitaji sana picha. Sijui kama wenzetu wa visiwani mnanielewa hapo.

Mzalendo64

Tunakuelewa, mheshimiwa. Unatutegea.

Msafiri wa Bologna

Habari za jioni kutoka Italia, naosha vyombo huku nasoma.

Jambo moja halijaguswa. Kwenye sehemu ya Dar es Salaam, wakati wa maasi, wanajeshi wanalisimamisha gari la hao wapiga picha, kioo kinavunjwa, wanatolewa nje. Walikuwa wa kupigwa risasi. Wakaponaje? Mmoja wa wanajeshi alitazama pasipoti akasema hawa si wazungu, ni Waitaliano. Huku watu wa makamo wanaisimulia hiyo kama kichekesho, na mimi kila mara nakunja uso. Maana ndiyo ndoto ya nchi hii: kwamba wao hawakuwa wakoloni hasa. Walikuwa watu wazuri waliopita tu.

Filamu inazunguka bara zima ikiwasema Waingereza waliotoroka na Wabelgiji waliovuruga, lakini gesi ya sumu waliyoimwaga wao Ethiopia 1935 na 1936 mimi sikuiona mle. Libya sikuiona. Somalia walikuwa wameshika hadi 1960, miaka michache tu kabla ya kuanza kupiga picha! Jacopetti angeweza kupanda meli akaenda Mogadishu kuaga Afrika ya kwao.

Na mnataka kujua nchi inavyochagua? Iliyompa Rizzoli tuzo kwa Africa Addio ndiyo iliyoizuia Lion of the Desert, filamu ya Omar Mukhtar, kiongozi wa Walibya waliopigana na Waitaliano, mwaka 1982, kwa sababu inavunja heshima ya jeshi. Ilionyeshwa kwenye televisheni yao 2009, Gaddafi alipokuja ziara. Miaka zaidi ya 25. Kwa hiyo Mzalendo64, ukiomba ifungiwe, ujue unamuiga nani.

Mzalendo64

Hiyo imenichoma kidogo, nakiri. Lakini tofauti ipo. Wao walificha dhambi yao. Mimi nakataa mtu wa nje kutusimulia yetu.

Bint Shangani, Maskati

Basi tusimulie wewe. Miaka 60 imepita, maiki iko mkononi mwako.

Jongoo wa Bahari (mleta mada)

Nimesoma yote. Nijibu mawili matatu, hasa kwa Bi Shangani, maana wengine nakubaliana nao zaidi ya wanavyodhani.

Bi mkubwa, sikupangii utazame nini nyumbani kwako na mama yako. Sina haki hiyo na hakuna mwenye nayo. Nazungumzia hadharani: ukumbi, skrini, kibali cha sensa, kijana wa miaka 20 wa Mwanakwerekwe ambaye hana mjomba mle na hajui Jacopetti ni nani. Huyo akipewa dakika zile peke yake anaondoka na moja kati ya mawili. Ama "hivi ndivyo ilivyokuwa, nimeona kwa macho yangu", ama "uongo wa wazungu". Kuna mtafiti Mfaransa, Marie-Aude Fouéré, aliyeandika 2016 jinsi Wazanzibari wanavyoitumia filamu hii kama kumbukumbu, na mgawanyiko wenyewe ndio huo. Watu wanaingia na msimamo wa kwao na wanatoka nao, picha imewapa msumari tu wa kuupigilia. Mimi nataka atoke na kitu kigumu zaidi: kwamba mauaji yalitokea kweli, na kwamba aliyeyapiga picha alikuwa akijenga kesi ya uongo juu ya maiti za kweli. Yote mawili kwa pamoja. Kipande hakiwezi kumpa la pili.

Na hapa Mzalendo64 ndipo ninapoachana naye. Uongo ukitajwa mahali pake unafaa kufundishia. Ukionyeshwa nzima, mtu mwenyewe atagutuka pale msimulizi anapomhurumia pundamlia mchanga aliyening'inizwa chini ya helikopta kwa sauti ile ile, na pengine tamu zaidi, aliyoitumia kwa binadamu. Sihitaji kumhubiria. Uchaguzi wa 1963 ukikosekana atauliza uko wapi, ikiwa mwalimu wake amemfundisha. Kama hakumfundisha, lawama hiyo si ya Jacopetti.

Kwa Boyoma sina la kuongeza. Swali la lifti nitalitumia kwa filamu yoyote nitakayoitazama kuanzia leo.

Bint Shangani, Maskati

Kaka, hadharani ndiko hasa ninakokutaka. Nyumbani nimeshatazama vya kutosha.

Unasema kijana wa Mwanakwerekwe asipewe kipande peke yake. Sawa. Lakini kukiwekea kipande maelezo kuna njia nyingi. Mtu anaweza kusimama kabla, akasema kimetoka wapi, nani kapiga, alikuwa na nia gani, alizungumza nini juu yake, halafu dakika zile zikapita kimya, halafu watu wakazungumza. Dakika kumi na tano, yamekwisha. Wewe unataka adhabu ya saa mbili na nusu kwa sababu wewe ni mpenzi wa sinema, na wapenzi wa sinema mnaamini kazi ya mtu haikatwi. Mimi siitazami kama kazi ya mtu. Anayekwenda polisi kutambua mwili haombwi asome kwanza maisha ya mpiga picha.

Tena utakapoionyesha nzima nani atakaa? Wataondoka baada ya nusu saa ya walowezi, kabla hata Zanzibar haijafika. Utabaki wewe na Mshika Projekta.

Mshika Projekta

😂 Nitakuwepo, nitaleta na kahawa.

Ila Bi Shangani kapiga penyewe. Mimi nimeitazama yote na kusema kweli inachosha. Climati alikuwa fundi, huwezi kumnyima, ile kamera inaelea. Lakini baada ya saa moja unahisi unasukumwa na mtu mgongoni. Labda huko kuchoka ndiko somo, sijui.

Wakili wa Kitaa, Nairobi

Na hakuna aliyeuliza swali la hela. Hizi picha zina mwenyewe. Ukumbi ukitaka kuzionyesha kihalali unamlipa mwenye hakimiliki Ulaya. Yaani mjukuu wa aliyelala pale chini anakata tiketi, na senti inakwenda kule. Mleta mada, hilo umelipangia vipi?

Jongoo wa Bahari (mleta mada)

Sikuwa nimelipangia, mheshimiwa. Linanikera sasa. Kiingilio kiwe bure, lakini bado mtu atalipa.

Tuanze na linalowezekana bila ukumbi wala hela: maneno. Hakuna Kiswahili cha msimulizi mahali popote nilipotafuta. Wote tunagombana juu ya sauti ambayo wengi wetu hatujaielewa. Msafiri wa Bologna, Kitaliano unacho. Unaweza?

Msafiri wa Bologna

Naweza, kwa awamu. Nina zamu za usiku wiki hii. Nianzie wapi?

Bint Shangani, Maskati

Anzia Zanzibar. Ni dakika chache, utamaliza kesho.

Jongoo wa Bahari (mleta mada)

Hapana, anzia utangulizi. Yale maneno ya mtoto aliyeachwa ndiyo yanayoendesha yote yaliyobaki.

Mzalendo64

Mimi nasema anzia popote, lakini nione tafsiri kabla haijasambazwa.

Bint Shangani, Maskati

Mnaona? Hata hatujatafsiri sentensi moja na tayari kuna baraza la sensa. Msafiri, mdogo wangu, nitumie ya Zanzibar mimi inboksi, hao wengine wasubiri utangulizi wao.

Msafiri wa Bologna

Naingia kazini. Nitafasiri kwa mpangilio wa filamu, ila Zanzibar nitairuka kwenda kuifanya kwanza, kisha nirudi mwanzo. Jongoo usinune.